Agnès Varda, mwenye filamu zake

Wengi humjua Agnès Varda kama mwongozaji. Mimi nikitazama filamu zake hutafuta kwanza jina la mtayarishaji, maana uhuru wake ulianzia hapo.

Mwaka 1954 alikuwa mpiga picha za mnato wa Théâtre National Populaire, na hakuwa amesomea filamu popote. Alifungua kampuni yake, Tamaris Films, akaandika mswada wa *La Pointe Courte* na kwenda kuuongoza mwenyewe Sète, mji wa bandari wa kusini mwa Ufaransa alikoishi utotoni. Wavuvi wa mtaani waliigiza maisha yao wenyewe, sambamba na waigizaji wa jukwaani Silvia Monfort na Philippe Noiret. Mishahara haikuwepo: waigizaji na mafundi walifanya kazi kwa ushirika, wakitarajia mgawo wa mapato. Uhariri alimpa Alain Resnais.

Uhuru huo ulimgharimu. Filamu ilitengenezwa bila kibali cha taasisi ya serikali inayosimamia sinema, hivyo haikupata usambazaji wa kawaida. Ilibidi afanye filamu fupi za kuagizwa na idara ya utalii, na filamu yake ndefu ya pili, *Cléo de 5 à 7*, ilitoka mwaka 1962 chini ya mtayarishaji mwingine, Georges de Beauregard.

Nadhani kinachomtofautisha na wenzake ni jinsi alivyogeuza vikwazo kuwa kanuni za kazi. Katikati ya miaka ya 1970 alikuwa na mtoto mdogo na hakuweza kwenda mbali. Alivuta waya mrefu wa umeme kutoka nyumbani kwake Rue Daguerre, Paris, akaamua kupiga filamu pale tu waya unapofika. Hivyo ndivyo ilivyozaliwa *Daguerréotypes*: mwoka mikate, muuza nyama na wauza duka wengine wa mtaa huo, kila mmoja kazini kwake. Mama, mtayarishaji na mwongozaji walikuwa mtu mmoja, na mipaka ya mmoja ikaamua umbo la kazi ya mwingine.

Mwaka 1985 *Sans toit ni loi* ilishinda Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venice. Lakini ushahidi mzito zaidi wa uhuru wake, kwangu, ni *Les Glaneurs et la glaneuse* ya mwaka 2000, inayohusu watu wanaookota masazo ya mavuno na ya masoko. Akiwa na miaka zaidi ya 70, alishika kamera ndogo ya kidijitali mkono mmoja na kuupiga picha mkono wake wa pili, uliozeeka. Akasimulia kwa sauti yake na kushiriki kuhariri. Ukaribu ule usingepatikana mbele ya kundi la mafundi na taa zao.

Kampuni yake, iliyokuja kuitwa Ciné-Tamaris, hutunza pia filamu za mumewe, Jacques Demy, aliyefariki mwaka 1990. Varda alifariki Machi 2019, akiwa na miaka 90. Wanawe, Rosalie na Mathieu, wameendelea kuzikarabati na kuzisambaza filamu za wazazi wao wote wawili.