Dunia Ndani ya Tairi

Mwaka 2021 msanii Francis Alÿs, mzaliwa wa Antwerp afanyaye makazi yake Mexico, alipiga hapa Lubumbashi filamu fupi iitwayo La roue, ambayo mwaka uliofuata ilioneshwa Venice katika banda la Ubelgiji. Na hadithi yake, ikiwa yastahili kuitwa hadithi, ni ya mvulana mmoja asukumaye tairi la gari kukwea kilima cha mabaki ya madini, kisha, akishafika kileleni, hujikunja ndani yake na kubiringika mpaka chini. Sisi wakubwa, ambao kilima cha namna hiyo hutukumbusha karne nzima ya shaba tangu tanuri lilipoanza kazi mjini humu mwaka 1911, hatukitazami bila ghamu. Bali yeye amekipima kwa mizani nyingine, mizani ya mteremko.

Ajabu yenyewe ya kubiringika huko imo sikioni. Kila sikio lina mifereji mitatu iliyopinda mfano wa nusu duara, kila mmoja na upande wake, nayo imejaa majimaji: kichwa kigeukapo, majimaji hubaki nyuma kitambo, yakapinda vinyweleo vyembamba viupashavyo ubongo habari za mwendo, na tairi lisimamapo ghafula majimaji hayo huendelea kwenda, ndipo macho yakachezacheza na dunia ikazidi kumzunguka mtoto ambaye mwili wake umekwisha kutulia. Kisunzi hicho, tukikimbiacho sisi, yeye hukitafuta kwa hiari, naye yungali katika umri wa kujifunza kupatanisha ushahidi wa jicho, wa sikio na wa misuli. Kwa hiyo mimi mchezo huo siuiti utundu.

Lakini mtoto, kwa ufupi wa kimo chake, huishi jirani na vumbi la kilima hicho, hulishika, akatia mkono kinywani, na kwa kila ratili ya mwili wake huvuta hewa nyingi kuliko baba yake. Dakta Célestin Banza Lubaba Nkulu wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi, pamoja na Benoit Nemery wa Leuven na wenzao, waliopima mkojo wa wakazi wa hapa Katanga na kutangaza matokeo mwaka 2009, walikuta madini ya kobalti mengi mno kwa waishio chini ya kilomita 3 kutoka machimbo na viwanda vya kuyeyushia, na hali ya watoto ikiwa mbaya kuliko ya wakubwa.

Basi enyi wazazi wa mitaa ya Kenya na Katuba mjini humu, msiwanyang'anye watoto tairi: watafutieni mteremko wa udongo safi, mbali na mabaki hayo, na kabla hawajala waosheni mikono kwa maji na sabuni.