Kalamu ya Rita Skeeter na kitabu kinachojifunga

Katika ulimwengu wa riwaya za Harry Potter watu huogopa fimbo. Mimi ninayekula kwa kuandika naogopa zaidi kalamu. J. K. Rowling amezitia humo kalamu kadhaa za unyoya zenye uchawi, na mojawapo kila kanjanja wa mjini angeitamani.

Ni ile ya Rita Skeeter, mwandishi wa gazeti la Daily Prophet, tunayekutana naye katika kitabu cha nne, Harry Potter and the Goblet of Fire, cha mwaka 2000. Rita anamvuta Harry, mtoto wa miaka 14, hadi stoo ya mifagio, kisha anatoa kwenye mkoba wake wa ngozi ya mamba kalamu ya kijani kikali. Anainyonya ncha, anaisimamisha juu ya karatasi, anaiachia. Inasimama yenyewe, ikitetemeka. Kwa kuijaribu anataja jina lake na la gazeti lake, basi. Kalamu inaandika sifa za mrembo wa miaka 43 aliyewatoboa wakubwa waliojivimbisha. Hapo tu ungejua inamtumikia nani.

Harry anaulizwa kuhusu wazazi wake marehemu. Ananyamaza, amekereka. Akichungulia karatasini anakuta ameandikwa kuwa machozi yamemjaa machoni. Anapaza sauti kwamba hana chozi hata moja, na anayemwokoa ni mkuu wa shule, Dumbledore, anayeufungua mlango wakati huohuo. Gazeti linapotoka, mtoto kalishwa maneno ambayo hakuyatamka kamwe.

Kitabu cha tano, cha mwaka 2003, kina kalamu ya kutisha zaidi kwa macho: nyeusi, nyembamba, ya ncha kali, isiyotaka wino. Mwalimu Dolores Umbridge anamwadhibu Harry aandike tena na tena kwamba hatakiwi kusema uongo. Maandishi yanatokea mekundu karatasini na papo hapo yanachanjwa nyuma ya mkono wake. Wino ni damu yake mwenyewe. Na kosa lake? Kusema kweli, kwamba mchawi mwovu Voldemort amerudi. Hata hivyo kalamu ya Umbridge inamuumiza mmoja aliye chumbani. Ya Rita inaingia kila nyumba asubuhi.

Ipo ya tatu, ambayo Rowling aliieleza katika maandishi yake ya tovuti ya Pottermore. Inakaa na kitabu kikuukuu cha ngozi ya dragoni katika mnara mdogo wa Hogwarts, shule ya uchawi anakosoma Harry, umefungwa, hakuna mwanafunzi anayefika. Mtoto popote akionyesha dalili ya kwanza ya uchawi, kalamu inajiinamisha kuandika jina lake. Lakini kalamu hiyo ina huruma nyingi. Kitabu ni kigumu. Kisiporidhika na ushahidi, kinajifunga kwa kishindo kabla wino haujagusa ukurasa. Hata Neville Longbottom, aliyekuja kuwa shujaa, alifungiwa hivyo alipozaliwa.

Yeyote aliyefanya kazi chumba cha habari anamjua mhariri wa namna hiyo. Unamchukia saa kumi na mbili jioni, gazeti likikaribia kwenda mtamboni, anapokuuliza nani mwingine kakuthibitishia. Ndiyo, huweza kuichelewesha stori ya kweli, kama ya Neville. Gharama hiyo naikubali.

Rita hakuwa na kitabu cha kujifunga. Alikipata siku Hermione, rafiki yake Harry, alipogundua kwamba hujigeuza mbawakawa ili kudukua siri za watu, bila kuandikishwa kisheria. Hermione alimfungia ndani ya chupa, na mwaka uliofuata akamlazimisha aandike maelezo ya kweli ya Harry kwa jarida la The Quibbler, tena bila malipo. Mwandishi ni yuleyule wa stoo ya mifagio. Safari hii tu mezani kulikuwa na mtu wa kumkatalia.

Siku hizi programu za akili mnemba zinaweza kukutungia nukuu tamu ambayo hakuna aliyeitamka, bila unyoya wala stoo. Kwa hiyo, msomaji, ukihojiwa na yeyote kati yetu, usimwache aondoke kabla hajakusomea alichoandika kwa jina lako.