Tangi la mafuta katika magari ya saluni ya zamani

Tangi la mafuta ni chombo kinachohifadhi petroli au dizeli ya gari kabla haijapelekwa kwenye injini. Makala hii inahusu matangi ya magari ya saluni ya zamani, yaani magari madogo yenye paa la kudumu, viti vya safu mbili na buti la mizigo, yaliyotengenezwa kuanzia miaka ya 1920 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1980, wakati kabureta ilikuwa bado kifaa cha kawaida. Mengi ya magari hayo yangali barabarani. Anayeyajaza mafuta hukutana na mambo ambayo mwenye gari la kisasa hana haja ya kuyawaza: kifuniko kilichofichwa, geji isiyosema kweli, mipira inayolainishwa na petroli ya siku hizi.

Ujazo

Kitabu cha gari hutaja ujazo wa tangi kwa lita au kwa galoni, na kwenye galoni ndipo makosa huanzia. Galoni ya Kiingereza ni lita 4.546, ya Marekani ni lita 3.785. Chevrolet ya mwaka 1957 ilikuwa na tangi la galoni 16 za Marekani, yaani lita 60 na nusu hivi. Anayelihesabu tangi hilo kwa galoni ya Kiingereza atatarajia karibu lita 73, na zile lita 12 zisizokuwepo zinaweza kuwa kilomita 80 za safari.

Katika Afrika Mashariki ya wakati wa ukoloni galoni ya kawaida ilikuwa ya Kiingereza. Petroli iliyopelekwa bara ilitiwa katika madebe ya bati ya galoni nne, kila sanduku la mbao likibeba madebe mawili. Madebe matupu yalibaki sokoni yakawa kipimo cha mahindi, unga na chokaa, na watu wengi wanaopima kwa debe leo hawajui kwamba wanatumia kipimo cha wauza mafuta.

Ukubwa wa matangi ulitofautiana sana. Mini ya Uingereza, iliyoanza kuuzwa mwaka 1959, ilikuwa na tangi la galoni tano na nusu, sawa na lita 25. Volkswagen Beetle ilibeba lita 40, Peugeot 504 lita 56, na Mercedes-Benz ya mfululizo wa W123 lita 65. Baadhi ya saluni kubwa za Cadillac za miaka ya 1970 zilipita lita 100. Hata hivyo, umbali ambao magari hayo yalikwenda kwa tangi moja haukutofautiana kwa kiasi hicho. Mini ikila lita 7 kwa kilomita 100 hufika kilomita 350. 504 ikila lita 11 hufika kilomita 500. Na Cadillac yenye lita 100, ikila lita 20 au zaidi, haiipiti 504. Ukubwa wa tangi ulifuata ulafi wa injini. Kwa dereva wa 504, hesabu hiyo ilimaanisha kwamba safari ya Nairobi hadi Mombasa, karibu kilomita 480, iliwezekana kwa tangi moja, lakini mzigo mzito ukiongezeka akiba ilikuwa ndogo mno kuiamini.

Ujazo ulioandikwa si wote unaotumika. Bomba la kufyonza mafuta huishia juu kidogo ya sakafu ya tangi ili lisivute taka, hivyo lita moja au mbili za mwisho hazifiki kwenye injini. Gari likiwa mlimani au kwenye kona kali, mafuta machache yaliyobaki hukimbilia upande mmoja na bomba huvuta hewa.

Mahali pa tangi

Magari ya mwanzo hayakuwa na pampu ya mafuta. Petroli iliteremka yenyewe kwa uzito wake. Ndiyo sababu tangi la Ford Model A, iliyotoka mwishoni mwa mwaka 1927, liliwekwa juu, mbele ya kioo cha dereva, karibu na magoti ya abiria wa mbele. Mtangulizi wake, Ford Model T, kwa kawaida alikuwa na tangi chini ya kiti. Mlima ukiwa mkali na mafuta yakiwa machache, kabureta ilikuwa juu kuliko petroli, na madereva walipanda kinyumenyume.

Pampu ilipoenea, tangi likahamia nyuma, chini ya sakafu ya buti. Hapo lilipata nafasi kubwa na kuwa mbali na joto la injini. Beetle, ambayo injini yake iko nyuma, ilibaki na tangi chini ya boneti. Jaguar XJ6 ya mwaka 1968 ilikuwa na matangi mawili, moja katika kila ubavu wa nyuma, na swichi ya kuchagua lipi litumike. Mwenye gari hilo alijaza pande mbili, na aliyesahau kubadili swichi alizimikiwa na gari wakati tangi la pili limejaa.

Tangi la nyuma lilikuwa na hatari yake. Gari likigongwa kwa nyuma, bati la tangi lilibanwa kati ya bampa na ekseli. Kisa kinachojulikana zaidi ni cha Ford Pinto, gari dogo lililoingia sokoni Marekani kama modeli ya mwaka 1971. Tangi lake lilikuwa nyuma ya ekseli. Katika kugongwa kwa nguvu liliweza kusukumwa mbele na kutobolewa na boliti za difu, na shingo ya kujazia iliweza kuchomoka na kumwaga petroli. Watu waliungua na wengine walikufa. Mwezi Juni 1978 kampuni ilikubali kuyarudisha karakana karibu magari milioni moja na nusu ya Pinto na ndugu yake Mercury Bobcat ili yawekewe kinga ya plastiki na shingo ndefu zaidi. Gharama ya vifaa hivyo ilikuwa ndogo, na hilo ndilo lililowakasirisha watu zaidi. Kanuni ya usalama wa mfumo wa mafuta ilikuwapo Marekani tangu magari ya mwaka 1968, lakini mwanzoni ilipima kugongwa kwa mbele tu. Kipimo cha kugongwa kwa nyuma kiliwahusu watengenezaji kuanzia magari ya mwaka 1977.

Mercedes-Benz ilikuwa imechagua njia nyingine. Katika saluni yake kubwa ya W116 ya mwaka 1972, kisha katika W123 ya mwaka 1976, tangi lilisimamishwa juu ya ekseli ya nyuma, nyuma ya kiti cha abiria. Buti lilipoteza nafasi kidogo, lakini tangi likawa mbali na bampa.

Kifuniko na geji

Wabunifu wa Marekani waliona kifuniko cha petroli kuwa kitu kisichopendeza, wakakificha. Cadillac ya mwaka 1941 ilikiweka chini ya taa ya nyuma ya kushoto, iliyoinuliwa kwa kubonyeza kitufe. Chevrolet ya mwaka 1956 ilifuata mtindo huo, na ya mwaka 1957 ilikificha nyuma ya pambo la nikeli kwenye pezi la kushoto. Baadaye magari mengi ya nchi hiyo yalikuwa nacho nyuma ya kibao cha namba. Mhudumu wa kituo asiyejua gari aliweza kulizunguka mara mbili bila kuona pa kutia mafuta. Beetle za miaka ya mwanzo zilijazwa kwa kufungua boneti. Kijimlango cha nje upande wa kulia kilikuja na magari ya mwaka 1968.

Geji ya kawaida hufanya kazi kwa boya lililoko ndani ya tangi. Boya likishuka, mkono wake huteleza juu ya waya wenye ukinzani na kubadilisha kiasi cha umeme kinachofika kwenye dashibodi. Waya huo ukilika au ukipata kutu, sindano hurukaruka au hung’ang’ania mahali pamoja. Boya la shaba likitoboka huzama, na geji huonyesha tupu hata tangi likiwa limejaa. Kosa la kinyume ndilo baya: geji inayoonyesha robo wakati hakuna kitu. Kwa hiyo wenye magari haya huhesabu kilomita tangu walipojaza, na hilo hushinda geji nyingi.

Beetle nyingi za kabla ya mwanzo wa miaka ya 1960 hazikuwa na geji kabisa. Zilikuwa na bilula yenye nafasi tatu: wazi, kufungwa na akiba. Injini ilipoanza kukohoa, dereva aliisogeza kwenye akiba akapata lita 5 hivi za kumfikisha kituoni. Ubaya wake ni kwamba aliyesahau kuirudisha baada ya kujaza hakupata onyo lolote mara ya pili.

Kujaza mafuta

Bertha Benz, katika safari yake ya Agosti 1888 nchini Ujerumani, alinunua mafuta kwenye duka la dawa mjini Wiesloch. Gari lake halikuwa saluni, lakini kwa miaka kadhaa baadaye hali ilikuwa hivyohivyo: petroli ilinunuliwa kwa kopo na kumiminwa kwa faneli. Kituo cha kampuni ya Gulf kilichofunguliwa Pittsburgh tarehe 1 Desemba 1913 huhesabiwa miongoni mwa vya kwanza vilivyojengwa mahususi kwa magari.

Mdomo wa pampu za sasa hujifunga wenyewe. Karibu na ncha yake kuna kitundu kinachovuta hewa. Petroli ikikifunika, mvuto hubadilika ndani ya mpini na kufyatua kifungio. Mfumo huu hudanganyika kwenye magari ya zamani. Shingo yenye kona nyingi, au kijibomba cha kutolea hewa kilichoziba, husababisha povu kurudi juu, na pampu hukatika tangi likiwa nusu. Dawa yake ni kujaza polepole na kuzungusha mdomo wa pampu kidogo, si kulazimisha.

Kujaza hadi ukingoni nako hakufai. Petroli hutanuka kwa karibu elfu moja ya ujazo wake kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi. Lita 50 zilizotoka kwenye tangi la ardhini zikiwa baridi, kisha zikapata joto la nyuzi 20 zaidi gari likiwa juani, huongezeka kwa takriban lita moja. Lita hiyo hutoka kwa kifuniko na kuteremka kwenye rangi ya gari, kama si kwenye kitu chenye moto.

Kifuniko chenyewe, katika magari mengi ya kabla ya miaka ya 1970, kina kitundu cha kuingiza hewa. Kikizibwa na vumbi, au kifuniko kikibadilishwa na kile cha gari jipya kisicho na kitundu, hewa haiingii kuchukua nafasi ya petroli inayotumika. Gari hutembea vizuri kilomita kadhaa, hulegea, kisha huzima; baada ya kupumzika huwaka tena. Fundi hubadilisha plagi, kisha pampu, kisha kabureta, na ugonjwa unabaki. Sauti ya hewa ikivutwa kwa nguvu wakati kifuniko kinafunguliwa hufichua tatizo kwa dakika moja.

Petroli ya leo katika tangi la jana

Risasi ilianza kutiwa kwenye petroli baada ya Thomas Midgley wa General Motors kugundua mwaka 1921 kwamba inazuia injini kugonga. Ililinda pia viti vya vali, lakini ilitia sumu hewani na kudhuru hasa ubongo wa watoto. Nchi za Afrika kusini mwa Sahara ziliafikiana Dakar mwaka 2001 kuiondoa, na kufikia Januari 2006 zilikuwa zimeiacha. Algeria, ya mwisho duniani kuiuza kwa magari, ilimaliza mwaka 2021. Hofu ya wenye magari ya zamani ilikuwa kubwa kuliko madhara. Injini zenye kichwa cha alumini, kama za Beetle na 504, zina viti vya vali vilivyopachikwa vya chuma kigumu. Zilizohitaji kazi ya fundi ni hasa zile za kichwa cha chuma cha kusubu zinazokimbizwa kwa kasi kubwa safari ndefu.

Ethanoli ni suala zito zaidi. Kenya ilichanganya petroli na ethanoli iliyotokana na molasi ya Muhoroni katika miaka ya 1980. Uingereza ilifanya petroli yenye ethanoli hadi asilimia 10 kuwa ya kawaida mwaka 2021. Ethanoli hulainisha mipira ya zamani mpaka ivuje, na hunyonya maji kutoka hewani. Maji yakizidi, mchanganyiko hujitenga na kutuama chini ya tangi, pale pale bomba linapofyonza, na kula bati kwa ndani. Gari linaloendeshwa kila siku halipati shida kubwa. Linaloegeshwa miezi sita ndilo huharibika. Mipira inayostahimili ethanoli ipo, na kuibadilisha ni gharama ndogo kuliko gari kuungua.

Petroli iliyochanganywa na mafuta ya taa huleta injini kugonga, moshi na plagi zenye masizi. Injini za zamani zenye mgandamizo mdogo huivumilia kiasi, na kwa sababu hiyo mwenye gari huchelewa kujua kwamba ameuziwa mafuta mabaya.

Kutengeneza tangi linalovuja

Tangi tupu ni la hatari kuliko lililojaa. Petroli haiungui ikiwa kimiminika; kinachoungua ni mvuke wake, na mvuke huo hulipuka ukiwa kati ya asilimia 1.4 na 7.6 hivi ya hewa. Katika tangi lililomwagwa, hata siku nyingi baadaye, kutu na mapindo ya bati hushikilia petroli ya kutosha kufikia kiwango hicho. Mafundi wamekufa kwa kuchomelea matangi waliyodhani yamekauka. Tangi linalotoboka hutolewa kwenye gari, huoshwa kwa maji moto na sabuni mara kadhaa au kwa mvuke wa maji, kisha matundu madogo hufungwa kwa risasi na bati kwa chuma cha moto kisicho na mwali. Baadhi ya mafundi hulijaza maji hadi karibu na tundu ili pasibaki nafasi ya mvuke. Tangi lililooza sakafu yote halizibwi, hubadilishwa.