Koni ya mpaina, koni ya jicho la nyuki: Kwa nini jina ni moja?

Ukiokota kile kitu kigumu chenye magamba chini ya mpaina kule Nambis, Mbulu, wengi watakuambia ni tunda. Kitaalamu sio. Mpaina hautoi maua wala matunda. Hiyo ni koni, na mbegu hukaa wazi kati ya magamba yake.

Mtarakwa ndio unachanganya zaidi. Vile vijitunda vyake vya bluu navyo ni koni, ila magamba yameungana.

Nyuki je? Jicho lake lina maelfu ya vijicho. Ndani ya kila kimoja, chini ya lenzi, kuna koni angavu inayopeleka mwanga kwenye seli za kuona. Haina uhusiano na mbegu, ni umbo tu.

Wanasayansi huita koni ya mmea strobilasi, neno la Kigiriki. Wagiriki wa kale walilitumia pia kwa kichezeo cha kuzungusha. Sisi kichezeo hicho tunakiita pia, na umbo la koni kwa Kiswahili ni pia vilevile!

Kwa hiyo wewe wa kidato cha kwanza, uliyetoka kusoma kwa Kiswahili na sasa unasoma baiolojia kwa Kiingereza, usiogope. Neno ni geni, kitu chenyewe ulishakichezea.