MPAKA WA SHAMBA: RAMANI PEKE YAKE HAITOSHI

Watu wengi wanaokaa Raila, huko Kibera, na wengine wa Kawangware, wana mashamba nyumbani kwao. Huenda kuyatazama mara moja au mbili kwa mwaka. Mtu akifika na kukuta ua wa jirani umesogea ndani ya mahindi yake, hushika hati mkononi na kusema, "Ekari zangu zimeandikwa hapa!" Kisha huanza ugomvi, au hukimbilia mahakamani. Yafaa kwanza ajue ramani ya serikali husema nini, na nini haisemi.

Katika Kenya ziko namna mbili za mipaka. Ya kwanza ni mpaka uliopimwa kwa vyombo, na bikoni zikafukiwa penye pembe zake. Bikoni ikipotea, mpima aweza kuirudisha mahali pake kwa hesabu zilizowekwa.

Ya pili ni mpaka wa ua. Katika miaka ya 1950, mashamba ya nchi ya Wakikuyu yalipokusanywa na kuandikishwa, wenyewe walipanda ua, picha zikapigwa kutoka kwenye ndege, na ramani zikachorwa kutokana na picha hizo. Dagoretti, ambamo Kawangware imo, wakati huo ilikuwa sehemu ya Kiambu. Ramani ya namna hii huonyesha shamba liko wapi na limepakana na nani. Haionyeshi mpaka kwa futi na inchi. Mstari wenye unene wa nusu milimita, katika ramani ya kipimo cha 1 kwa 2,500, hufunika zaidi ya mita 1 ya ardhi. Kwa hiyo Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012, kifungu cha 18, yasema kuwa ramani hiyo huonyesha mpaka kwa kukadiria tu.

Basi, ukiwa na shauri la mpaka, fanya hivi:

1. Usiung'oe ua wala bikoni, hata kama waamini umedhulumiwa. Kuharibu alama ya mpaka bila ruhusa ni kosa la sheria.

2. Nunua nakala ya ramani ya eneo lako katika ofisi ya upimaji.

3. Zungumza na jirani mbele ya wazee waliokuwapo ua ulipopandwa. Mashauri mengine huishia hapo.

4. Msiposikizana, andika kwa Msajili wa Ardhi wa mahali shamba lilipo. Yeye ndiye mwenye mamlaka ya kuuamua mpaka. Hufika shambani pamoja na mpima wa serikali, huwasikiliza wote wawili, hutazama ua na ramani, kisha huonyesha mpaka.

Kifungu kile kile chakataza mahakama kusikiliza kesi ya mpaka wa ardhi iliyoandikishwa kabla mpaka huo haujaamuliwa kwa njia hii. Anayekimbilia mahakamani kwanza hurudishwa, na fedha zake zimekwisha kutoka. Tena, mpima aliyekodiwa na upande mmoja si mwamuzi. Maneno yake ni ushahidi tu.

Na nyumba za Raila je? Huko jambo ni jingine. Sehemu kubwa ya Kibera ni ardhi ya serikali, na wenye nyumba hawana hati za viwanja vyao. Hata hati ya ekari 288 waliyopewa Wanubi wa Kibera mwaka 2017 ni ya jamii nzima. Kwa hiyo ukuta kati ya nyumba mbili haumo katika ramani ya usajili, wala Msajili hawezi kuuamua. Mtu akikuuzia "kiwanja" huko na kukuonyesha karatasi ya vipimo, kumbuka kuwa vipimo bila hati havimpi mtu ardhi.

Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Ni kweli, lakini kwa mpaka daftari lahitaji ua. Panda kayaba au mkonge kwenye mstari mliopatana na jirani, ziba mapengo kila mwaka, na siku ya kwenda nyumbani wachukue watoto wako muuzunguke pamoja.