Mtoto anayekoroma: Tatizo huenda ni nyama za puani, si kimeo

MTOTO anapokoroma kila usiku, akalala mdomo wazi na kuamka amechoka, wazazi wengi hudhani ana mafua yasiyokwisha. Wengine humpeleka kwa fundi akakatwe kimeo. Mara nyingi chanzo ni nyama za puani na tezi za koo zilizokua kupita kiasi.

Nyama za puani, ambazo kitaalamu huitwa adenoidi, ziko nyuma kabisa ya pua, hivyo hazionekani mtoto anapofungua kinywa. Tezi za koo, yaani tonsili, ni mbili, kulia na kushoto mwa koo. Zote ni sehemu ya kinga ya mwili. Adenoidi hukua zaidi katika umri wa miaka 2 hadi 7, kisha husinyaa taratibu.

Zikiziba njia ya hewa, pumzi ya mtoto hukatika usingizini kwa sekunde kadhaa, kisha akashtuka na kuvuta hewa kwa nguvu. Baadhi ya watoto hukojoa kitandani, hudumaa au hushindwa kutulia darasani. Adenoidi zikiziba mrija unaounganisha pua na sikio, majimaji hujikusanya ndani ya sikio. Mwalimu humwona mtoto mkaidi, kumbe hasikii vizuri.

Kimeo ni kinyama kinachoning'inia katikati ya koo. Kukikata hakufungui njia iliyozibwa na adenoidi, bali kunaweza kusababisha kutokwa na damu nyingi, pepopunda na hata kifo.

Hata hivyo, si kila mtoto anayehitaji upasuaji. Katika utafiti wa Marekani uliochapishwa mwaka 2013, ukihusisha watoto 464 wenye tatizo la kukatika pumzi usingizini, hali ya usingizi ilirejea kuwa ya kawaida kwa asilimia 79 ya waliofanyiwa upasuaji mapema, na kwa asilimia 46 ya waliosubiri chini ya uangalizi. Kwa mafindofindo ya mara kwa mara, kigezo kinachotumika sana ni kuugua angalau mara 7 katika mwaka mmoja.

Kabla ya upasuaji, mzazi amweleze daktari iwapo mtoto ana selimundu, au iwapo katika ukoo kuna tatizo la damu kutoganda. Mtoto hupewa dawa ya usingizi, na tezi hutolewa kupitia kinywani bila kuacha kovu usoni. Kinga ya mwili haiathiriki kwa kiasi kikubwa, kwa kuwa kuna tezi nyingine nyingi.

Baada ya hapo koo huuma kwa wiki moja au mbili, na utando mweupe kooni ni jambo la kawaida. Mtoto anywe maji kwa wingi na apewe dawa za maumivu alizoandikiwa. Asipewe aspirini wala kodeini. Akitoka damu mbichi kinywani au puani, hata siku ya kumi, arudishwe hospitali mara moja.

Mzazi mwenye shaka amrekodi mtoto kwa simu akiwa usingizini, kisha amwonyeshe daktari wa pua, masikio na koo. Dakika chache za picha hizo zaweza kumwepusha mtoto na wembe wa fundi.