Fahamu: Shirley Robertson, kutoka usukani hadi maikrofoni

Msomaji wa Dutwa, ambaye ziwa lililo karibu naye liko Lamadi, huenda akadhani kuwa ubingwa wa matanga ni milki ya watu wa pwani. Ilhali bingwa wa matanga Shirley Robertson, aliyezaliwa Dundee, Uskoti, mwaka 1968, alijifunza kushika usukani katika Loch Ard, ziwa dogo la maji baridi. Baada ya kumaliza wa nne katika Olimpiki ya Atlanta mwaka 1996, nafasi ambayo kwa hakika huuma kuliko ya kumi, alitwaa dhahabu Sydney mwaka 2000 akiwa peke yake chomboni, kisha Athens mwaka 2004 pamoja na Sarah Webb na Sarah Ayton.

Baadaye aliongoza MainSail, kipindi cha CNN kuhusu vyombo vya matanga, na hapo elimu yake ikadhihiri: mtazamaji anapostaajabu kuona chombo kikiacha njia ya boya na kwenda kando, nahodha anajua kuwa tanga haliendi moja kwa moja kuukabili upepo, bali chombo hubisha, mara kulia, mara kushoto, na anayekawia kugeuza huweza kupitwa. Atakayetazama mashindano ya matanga na autambue upepo kwanza, ndipo ahesabu nani yu mbele.